Mtoto Asiyekua: Ngano Tamu na Kejeli Yake, kutoka Nunda hadi Bina-Adamu!

Utangulizi

Mwalimu mwenzangu, nawe mtahiniwa, ukishuka kwenye matatu pale Kitengela katika barabara ya Namanga, hutatembea mbali kabla ya kukutana na ukuta wa shule ya chekechea. Ukuta huo aghalabu umechorwa. Utamwona binti mfalme mwenye gauni la buluu, panya aliyevaa glavu, na simba anayetabasamu. Simba huyo hana meno. Mchoraji ameyaacha kwa makusudi ili watoto wasiogope.

Simba halisi wa Kitengela wana meno. Mbuga ya Kitaifa ya Nairobi, iliyoanzishwa mwaka wa 1946, iliachwa bila ua upande wa kusini ili wanyama waweze kutoka na kulisha katika nyanda za Kajiado. Nyanda hizo sasa zimejaa ploti, nyumba na shule. Mnamo Juni 2012, simba sita waliuawa na wakazi hapa Kitengela baada ya kuvamia mifugo. Mnamo tarehe 30 Machi 2016, simba dume aliyetoroka mbugani alipigwa risasi na askari wa wanyamapori kule Isinya baada ya kumjeruhi mtu. Simba huyo alikuwa na jina la kupendeza, Mohawk, kwa ajili ya mtindo wa manyoya yake.

Muhula uliofuata niliwapa wanafunzi wangu wa kidato cha pili insha ya methali: Usimwone simba kanyeshewa ukamdhani paka. Mmoja wao, mvulana ambaye kwao wanafuga mbuzi, aliandika kisa cha simba wa ukutani. Usiku simba huyo hushuka ukutani akiwa bado anatabasamu, akala mbuzi wa kijiji, kisha akarudi mahali pake kabla ya kengele. Kila asubuhi mwalimu mkuu anaona kwamba mchoro umenenepa. Wazazi wanalalamika. Mwalimu mkuu anamwita mchoraji na kumwagiza aongeze tabasamu.

Nilimpa alama 07 kwa 20. Kwa kalamu nyekundu niliandika: "Kisa hakiwezekani. Simba wa ukutani hali mbuzi."

Makala haya yametokana na alama hizo. Nataka kukuonyesha, kwa kufuata historia, kwamba mvulana yule alikuwa ndani ya mkondo wa fasihi wenye mizizi mirefu, na kwamba mimi ndiye niliyekuwa nje yake. Dai langu ni moja: ngano haikuzaliwa tamu, ilitiwa sukari baadaye. Kwa hivyo mwandishi au mchoraji anayeigeuza ngano tamu kuwa kichekesho cheusi haiharibu. Anaisoma hadi mwisho.

Ngano zilipokuwa na meno

Tuanze nyumbani. Mwaka wa 1870 Edward Steere alichapisha mjini London mkusanyiko wa hadithi za Kiswahili alizozipata Unguja. Miongoni mwazo imo hadithi ya Sultani Majinuni na paka wake. Huenda umeisikia kwa jina la Nunda, mla watu.

Sultani ana paka anayempenda. Paka anaanza kula mifugo. Watu wanapomshtaki, sultani anajibu kwamba paka ni mali yake na mnyama aliyeliwa pia ni mali yake, basi malalamiko ya nini? Paka anahamia kwa mnyama mkubwa zaidi, na jibu linabaki lile lile. Anafikia kula watu. Sultani haoni shida mpaka siku paka anapowaua wanawe mwenyewe. Hapo ndipo anapokiri kwamba huyu si paka tena, bali Nunda. Mwana mdogo, yule aliyedharauliwa kuwa mkaa jikoni, ndiye anayekwenda kumsaka. Anaua mnyama baada ya mnyama, na kila mara mama yake anamwambia kwamba si huyo, mpaka anapompata mwenyewe.

Hebu tazama yaliyomo humo. Kuna kichekesho, kwa sababu jibu la sultani linarudiwa rudiwa hata hadhira inaanza kulitarajia na kulicheka. Kuna kitisho, kwa sababu kila jibu linagharimu uhai. Aidha, kuna kejeli ya kisiasa iliyo wazi: mtawala anayeita uharibifu mali yake hutambua zimwi pale tu linapobisha mlangoni pake. Isitoshe, zimwi lenyewe lilianza likiwa kitu cha kupendeza, paka wa kupapaswa. Simba wa ukutani wa mwanafunzi wangu ni ndugu yake Nunda. Mimi sikumtambua.

Hapa Kajiado nako hakukuwa na ngano za sukari. A. C. Hollis alipochapisha kitabu chake kuhusu lugha na ngano za Wamaasai mwaka wa 1905, alitia ndani ngano ya zimwi aitwaye Konyek na babake, ambamo watu huliwa. Naomi Kipury naye alichapisha utafiti wake kuhusu fasihi simulizi ya Wamaasai mwaka wa 1983, nao ukawa miongoni mwa vitabu vilivyotufunza walimu wengi kwamba ngano za mazimwi zilikuwa na kazi. Mtoto wa mfugaji aliyelala boma moja na mbuzi alihitaji kujua kwamba usiku kuna kitu kinachokula. Ngano ilimwambia hivyo, na katika kumwambia ikamchekesha ili aweze kulala.

Jinsi meno yalivyong'olewa

Je, sukari iliingiaje? Ulaya yenyewe haikuwa tofauti na pwani yetu. Jacob na Wilhelm Grimm walipotoa juzuu la kwanza la ngano za Kijerumani mwaka wa 1812, aliyetaka Kisura wa Theluji auawe alikuwa mama yake mzazi. Katika toleo la 1819 akageuzwa kuwa mama wa kambo, kwa kuwa wasomaji wa mjini walitaka mama abaki mtakatifu. Adhabu ya malkia huyo ilikuwa kucheza ndani ya viatu vya chuma vilivyotiwa moto mpaka afe. Walt Disney alipotengeneza filamu ya ngano hiyo mwaka wa 1937, viatu hivyo havikuwamo. Kutoka toleo hadi toleo, na kutoka kitabu hadi filamu, kitu fulani kiliondolewa.

Jambo la kuvutia ni kwamba Nunda wetu alisafiri pamoja na ngano hizo. Andrew Lang, Mskoti aliyehariri vitabu vya ngano vilivyopewa majina ya rangi, alimtia Nunda katika kitabu cha rangi ya zambarau cha mwaka wa 1901. Watoto wa Uingereza wakamsoma mla watu wa Unguja bega kwa bega na mabinti wafalme wa Ulaya.

Safari ya kurudi ilifuata. Mwaka wa 1940 ilichapishwa tafsiri ya Kiswahili ya kitabu maarufu cha Lewis Carroll, kwa jina Elisi katika Nchi ya Ajabu. Elisi anaanguka shimoni, anakutana na wanyama wanaosema na malkia anayeamuru watu wakatwe vichwa ovyo, kisha anaamka. Ilikuwa ndoto. Zingatia muundo huu: mtoto anaingia katika ulimwengu wa ajabu, anaona ukatili, anarudi nyumbani bila jeraha. Muundo huu ndio uliokuja kutawala vitabu vya watoto, na baadaye televisheni. Ukatili unaruhusiwa mradi mtoto arudi salama na malkia asimkate mtu yeyote kwa kweli.

Mwaka wa 1904 J. M. Barrie, naye Mskoti, alionyesha jijini London tamthilia ya Peter Pan, mvulana asiyekua, anayewachukua watoto usiku kupitia dirishani na kuwapeleka katika nchi ya michezo isiyo na mwisho. Mwaka wa 1911 akaiandika kama riwaya. Ukitazama filamu ya Disney ya 1953 utamwona mvulana mchangamfu mwenye kofia ya kijani. Ukiisoma riwaya ya Barrie utamwona mwingine. Mvulana huyu amemkata adui yake mkono na kumlisha mamba. Husahau haraka wale aliowapigania na hata wale aliowaua. Barrie anadokeza pia kwamba wavulana wanaoishi naye wanapoanza kukua, jambo ambalo ni kinyume cha kanuni, Peter huwapunguza. Neno hilo limeachwa lining'inie. Msomaji mzima anaelewa. Filamu haikulichukua.

Hivyo basi, tunaporithi Peter Pan wa ukutani, tunarithi mchoro ambao meno yake yameng'olewa kama ya simba wa Kitengela.

Vibonzo vya nyumbani

Kabla ya kufika kwenye riwaya, hatuna budi kuwataja wachoraji wetu, kwa sababu vibonzo ndivyo vilivyowafunza Waswahili wengi kusoma kichekesho kwa macho. Katika magazeti ya Kiswahili ya Kenya, Edward Gitau alimchora Juha Kalulu kwa miongo mingi. Jina lenyewe lina mzaha ndani yake. Juha ni mpumbavu wa hadithi zilizotoka Uarabuni, ilhali kalulu katika Kichewa ni sungura, yule mjanja wa hurafa. Jina moja limebeba mpumbavu na mjanja kwa pamoja, na msomaji aliyelelewa kwa hurafa za sungura anajikuta akimcheka mtu ambaye ujanja wake haumfikishi popote. Nchini Tanzania gazeti la Sani liliwalea wahusika kama Madenge na Ndumilakuwili, ambao nao hawakuwa watoto wala watu wazima wa kuigwa.

Katika miaka ya 1980 ulitoka mfululizo wa Pichadithi hapa Kenya, uliosimulia upya visakale na ngano kwa picha, kikiwamo kisa cha Lwanda Magere. Naye Frank Odoi, mzaliwa wa Ghana aliyeishi na kufanya kazi Nairobi hadi alipofariki katika ajali ya matatu mwaka wa 2012, alichora Akokhan, hadithi ya vibonzo iliyojaa nguvu za kimiujiza. Odoi hakuomba radhi kwa giza la ngano za Kiafrika, bali alilichora.

Ninawataja hawa kwa sababu mtahiniwa anapokutana na swali kuhusu kejeli, mara nyingi hudhani ni mbinu iliyoletwa na riwaya ya kisasa. La hasha. Iko katika jibu la sultani kuhusu paka wake, na iko katika kibonzo alichokisoma babu yako gazetini akisubiri chai.

Bina-Adamu! na mtoto aliyekataa kukua

Mwanzoni mwa karne hii riwaya ya Kiswahili iliachana kwa kiasi fulani na uhalisia. Katama Mkangi alikuwa amekwisha kufungua njia mwaka wa 1995 kwa Walenisi, ambamo mhusika anafika katika ulimwengu mwingine ulio bora, na ubora huo unakuwa kioo cha kuikejeli nchi aliyotoka. Mwaka wa 2001 Said Ahmed Mohamed akatoa Babu Alipofufuka, ambamo mzuka wa babu unarudi kumsumbua mjukuu aliyeshiba. Mwaka wa 2002 Kyallo Wadi Wamitila akatoa Bina-Adamu! jijini Nairobi.

Riwaya hii ina umbo la ngano ya msako. Mhusika mkuu anaondoka, anaelekezwa, anavuka mabara, na kila anapofika anakuta nyayo za uharibifu ulioachwa na mtu anayetajwa kwa herufi mbili tu, P.P. Katika ngano ya kawaida tungetarajia zimwi mwishoni mwa njia, lenye pembe na jicho moja. Wamitila anatupa kitu kingine: P.P. ni Peter Pan. Mvulana wa ukutani ndiye aliyekuwa akiuharibu ulimwengu.

Wahakiki wengi wamemsoma P.P. kama ishara ya ubabe wa Marekani na wa utandawazi, na usomaji huo una mashiko. Hata hivyo, ukiishia hapo katika jibu lako utakuwa umetaja ishara bila kueleza ni kwa nini ishara hii na si nyingine. Mwandishi angeweza kumchagua jitu, chui, au mfalme dhalimu. Kwa nini mtoto?

Jibu liko katika historia tuliyoipitia. Kwanza, mtoto hashtakiwi. Anapovunja kikombe tunasema bado hajui. Nguvu kubwa inayojiita changa na isiyo na hatia inajipa msamaha kabla ya kosa. Pili, mtoto asiyekua hakumbuki, na Peter Pan wa Barrie husahau aliowaua. Wanaokumbuka ni walioachwa nyuma, wale ambao mhusika wa Wamitila anakutana nao njiani. Tatu, mtoto anapendeza. Hakuna anayefunga dirisha mapema, kama ambavyo sultani hakumfunga paka. Hapa ndipo Nunda na P.P. wanapokutana: wote wawili walipendwa kwanza, wakaogopwa baadaye, na kati ya kupendwa na kuogopwa wengi wakaliwa.

Kwa hivyo Wamitila hakuiharibu ngano ya Barrie. Aliyesema kwamba mvulana huyu huua na kusahau ni Barrie mwenyewe. Wamitila aliirudia sehemu ambayo filamu iliiacha, akauliza ingekuwaje kama mvulana huyo angeshika dunia badala ya kisiwa. Hii ndiyo maana ya mwingilianomatini ulio hai. Matini ya pili inaifanya ya kwanza isomwe upya.

Gertrude, au msichana asiyeruhusiwa kukua

Miaka 13 baadaye, nchini Marekani kwenyewe, mchoraji Skottie Young alianza kutoa mfululizo wa vibonzo uitwao I Hate Fairyland. Ulianza Oktoba 2015. Sina ushahidi wowote kwamba alimsoma Wamitila, wala sihitaji kudai hivyo. Waandishi wawili waliochoka na sukari ile ile wanaweza kufika mahali pamoja kwa njia mbili.

Kisa ni hiki. Msichana mdogo aitwaye Gertrude anavutwa hadi nchi ya ngano, yenye mawingu ya pipi na upinde wa mvua. Anaambiwa atafute ufunguo, kisha atarudi nyumbani, kama Elisi. Ufunguo haupatikani. Inapita miaka 27. Akili yake inakuwa ya mwanamke mzima aliyechoka, mwili unabaki wa mtoto mwenye nywele za kijani. Anaanza kutumia shoka. Matusi yake yote yanageuka kuwa maneno matamu ya keki na manyoya, kwa kuwa nchi ile hairuhusu maneno machafu ingawa inaruhusu damu.

Kuna tukio moja ambalo kila mwalimu wa fasihi simulizi atalipenda. Mwanzoni mwa mfululizo, mwezi ndio unaosimulia kisa kwa sauti ya upole. Gertrude anauelekezea mzinga na kuulipua. Kwa istilahi zetu, mhusika amemuua fanani. Msichana hakuukasirikia mwezi kwa kuwa mwezi, bali kwa kuwa unaisimulia taabu yake kwa sauti tamu. Sultani aliyaita mauaji mali yake, na mwezi unayaita mauaji hadithi ya kulalia.

Ukimweka Gertrude kando ya P.P. utaona tofauti yenye faida kwa mtahiniwa. P.P. amekataa kukua, ilhali Gertrude amekatazwa. P.P. ni kejeli ya mwenye nguvu, Gertrude ni kejeli ya ahadi. Ngano tamu humwahidi mtoto kwamba akifuata kanuni atafika nyumbani. Gertrude alifuata kanuni, akangoja miaka 27.

Je, kichekesho cheusi hakina hatari?

Mwalimu mwenzangu anaweza kuniuliza: kumchekesha mtoto kwa damu si kumzoesha ukatili? Swali ni zito na halistahili kupuuzwa.

Kwanza, vibonzo vya Young vimekusudiwa watu wazima, nami singeviingiza darasani. Pili, na hili ni la kiuhakiki zaidi, kichekesho cheusi hakifanikiwi kila mara. Kipimo ninachopendekeza ni hiki: je, aliyeumia anabaki na uzito? Katika Nunda kila aliyeliwa anasukuma kisa mbele, na wana wa sultani wanapokufa kicheko kinakatika. Katika Bina-Adamu! mhusika anakutana na waathiriwa wenye historia. Katika I Hate Fairyland viumbe wengi huuawa kwa ajili ya mzaha wa ukurasa mmoja na hawakumbukwi tena. Hapo kicheko hukimbia mbele ya fikra, na Gertrude mwenyewe anaanza kufanana na Peter Pan anayeua na kusahau. Labda mchoraji alitaka tuone hivyo. Labda alikuwa akifurahia tu. Kwa maoni yangu, hii ndiyo sababu riwaya ya Wamitila inaingia ndani zaidi, ingawa inachekesha kidogo.

Tatu, hata ukatili uliofichwa una hatari yake. Mtoto wa Kitengela aliyefundishwa na ukuta kwamba simba hutabasamu hakufundishwa upendo wa wanyama. Amenyimwa habari anayoihitaji.

Namna ya kulijibu swali la kejeli ya ngano

Mtahiniwa, ukiulizwa jinsi mwandishi alivyotumia ngano kuendeleza maudhui, usitosheke na kuandika kwamba ametumia mwingilianomatini na kejeli. Hayo ni majina. Mtahini anataka kazi yake. Fuata hatua nne.

Kwanza, taja ngano au mhusika asilia, ueleze msomaji wa kawaida anamjuaje. Peter Pan anajulikana kama mvulana wa michezo.

Pili, onyesha kilichogeuzwa. Katika Bina-Adamu! mvulana huyo ni chanzo cha uharibifu wa ulimwengu.

Tatu, tafuta mbegu ya mgeuzo ndani ya ngano asilia. Hatua hii huachwa na wengi, nayo ndiyo inayotenganisha jibu la wastani na jibu bora. Peter Pan wa Barrie tayari huua na kusahau.

Nne, eleza mgeuzo huo unamkejeli nani na kwa nini. Nguvu inayojiita changa haitaki kuwajibika.

Hatua ya tatu ina faida nyingine. Itakusaidia kutofautisha kejeli na uharibifu mtupu. Mwandishi akigeuza ngano bila mbegu yoyote ndani yake, amebandika tu. Mbegu ikiwapo, amesoma.

Kwa walimu nina ombi kuhusu usahihishaji wa insha. Tunapomwambia mwanafunzi kwamba kisa chake hakiwezekani, tuwe na hakika kwamba hatumwadhibu kwa kosa ambalo tunamsifia nalo Wamitila au fanani wa Unguja. Ni kweli kwamba insha ya methali ina masharti yake: methali idhihirike, pande zote mbili za methali zitokeze, lugha iwe sanifu. Kwa masharti hayo mvulana yule alikuwa ameandika insha nzuri. Simba wake alidhaniwa kuwa pambo, akala mbuzi. Ni upande gani wa methali ambao haukutokeza?

Hitimisho

Tumemfuata Nunda kutoka Unguja hadi London, Elisi kutoka Uingereza hadi Kiswahili, Peter Pan kutoka jukwaani hadi filamuni na kutoka filamuni hadi mikononi mwa Wamitila. Katika safari hiyo yote utamu ndio uliokuja baadaye. Kejeli ilikuwapo tangu mwanzo, na kila mara ilipong'olewa mtu mwingine aliirudisha.

Mwaka wa 2017, nikiwa nimekwisha kuisoma Bina-Adamu! kwa makini zaidi, nilimtafuta mvulana yule. Alikuwa kidato cha tatu. Nilimwomba daftari la insha nilisome tena. Akaniambia nyumbani walilitumia kuwashia jiko. Nikamwomba anisimulie. Alisimulia vizuri, kwa adabu, mpaka mwisho. Lakini safari hii simba hakushuka ukutani. Alikuwa simba wa kawaida kutoka mbugani, akafukuzwa na wazee, na kijiji kikaishi raha mustarehe.

Nilimuuliza kwa nini amebadilisha.

"Nilitaka kiwezekane, mwalimu," akasema.

Maswali ya marudio

1. "Sultani ndiye zimwi, si paka." Jadili kauli hii kwa kurejelea ngano ya Nunda.

2. Linganisha muundo wa msako katika ngano yoyote ya mazimwi unayoijua na muundo wa Bina-Adamu!

3. Teua ngano moja inayosimuliwa katika jamii yako. Eleza mbegu ya kejeli iliyomo, kisha uonyeshe jinsi mwandishi wa leo angeweza kuikuza.

4. Andika kisa kitakachodhihirisha ukweli wa methali: Usimwone simba kanyeshewa ukamdhani paka. Kisa si lazima kiwezekane.